Ungamo Linalolipiwa: Usemi wa Lance Armstrong katika Filamu Mbili

Filamu ya Marina Zenovich iitwayo LANCE, ambayo ESPN iliirusha hewani kwa sehemu mbili mwezi Mei 2020, haianzi na baiskeli. Inaanza na kisa. Mwanamume wa makamo ameketi akiikabili kamera, naye anasimulia jinsi siku moja mjini Denver alivyokuwa akielekea kwenye gari la Uber, akapita karibu na baa iliyojaa watu, mmoja akamtambua na kumtukana kwa jina, na wengine wakalidaka tusi hilo kama kiitikio. Aliingia garini akitetemeka. Kisha akaipigia simu baa ile ile, akatoa namba za kadi yake ya benki na kuagiza kwamba chochote wanachokula na kunywa watu wale kiwe juu yake, kwa sharti moja tu: mhudumu awaendee pale pale walipo na kuwaambia kwamba Lance amelipa, na kwamba anawatumia upendo wake.

Kisa ni kifupi, lakini kimekamilika kama hekaya. Kina umati, kina tusi, kina kimya cha ndani ya gari, na kina mgeuko ambao hakuna aliyeutarajia. Kinachokosekana ni sababu. Hatuelezwi watu wale walikuwa na kinyongo gani. Mtazamaji anadhaniwa kujua tayari kwamba huyu ndiye Lance Armstrong, aliyevuliwa mataji yake saba ya Tour de France, ya 1999 hadi 2005, baada ya USADA, shirika la Marekani la kupambana na pufya, yaani dawa za kuongeza nguvu michezoni, kuchapisha hoja za uamuzi wake Oktoba 2012. Kosa limeachwa nje ya kisa, na ndani yake amebaki mtu aliyetukanwa akajizuia. Hata hivyo uzito wote wa kisanaa uko kwenye lile sharti. Angelilipa kimyakimya, tungekuwa na tendo la hisani. Kwa kudai jina lake litangazwe mbele ya waliomtukana, na litangazwe kwa kinywa cha mtu mwingine, amelifanya lile deni la bia kuwa jukwaa.

Msomaji aliyekulia Ndhiwa, au popote pale kati ya Homa Bay na Migori ambako ngoma ya Wajaluo bado inachezwa kwa moyo, hahitaji nadharia ya mbali ili alitambue umbo hili. Ni pakruok. Katika ngoma ya nyatiti, ya orutu au ya ohangla, iwe arusini au kwenye mkesha wa matanga, mtu huinuka wimbo ukiwa katikati, akamtunza mpigaji, na ala zikanyamaza. Kwa muda aliolipia, uwanja ni wake. Atajitaja kwa majina yake ya sifa, atamtaja babake na kijiji chake, ataingiza marafiki zake, mke wake, ng'ombe wake, shule aliyosoma, hata ukaidi wake na ulevi wake, maana katika ufundi huu dosari nayo ikigeuzwa vizuri inakuwa pambo. Hakuna anayemuuliza kama ng'ombe hao wapo. Hadhira inampima kwa wepesi wa ulimi, kwa mshangao wa picha anazozichora, na kwa jinsi anavyojua kuukabidhi wimbo tena kwa mwenyewe kabla haujapoa. Akimaliza, mpigaji hulichukua jina lake na kulifuma katika beti zinazofuata. Ndiyo maana santuri za benga, zikiwemo za D. O. Misiani na bendi yake ya Shirati Jazz, zimejaa majina ya watu ambao hawakushika gitaa wala kipaza sauti.

Wahakiki wa fasihi simulizi ya Kiswahili wana utanzu wa karibu na huu, nao ni majigambo, ambapo mtendi huzitamba sifa zake mwenyewe mbele ya watu. Lakini majigambo kama yanavyofundishwa darasani hayana lile tendo ambalo mimi naliona ni roho ya pakruok: kusimamisha wimbo wa mwingine kwa malipo. Kwa hiyo, ili kuusoma usemi wa mwanabaiskeli wa zamani mbele ya kamera, napendekeza tuuite ungamo-jigambo: usemi ambao kwa maudhui ni kukiri kosa, na kwa umbo ni kujitaja. Kipimo chake cha kwanza ni swali la kiufundi kabisa. Nani amesimamisha wimbo, kwa malipo gani, na mwenye wimbo anaurudisha vipi?

Tuanze na mfano ambao umbo hilo lilikosa nafasi. Januari 2013, katika mahojiano na Oprah Winfrey yaliyotangazwa kwa usiku mbili mfululizo, Armstrong alikiri hadharani kwa mara ya kwanza. Oprah alifungua kwa maswali ya ndiyo au la. Je, aliwahi kutumia dawa zilizopigwa marufuku? Ndiyo. EPO ilikuwa mojawapo? Ndiyo. Aliongezewa damu? Ndiyo. Testosteroni, kotisoni, homoni ya ukuaji? Ndiyo. Katika Tour zote saba? Ndiyo. Huu ni muundo wa katekisimu: muulizaji ana sentensi zote, na mjibuji ana neno moja. Una nguvu kubwa, kwa kuwa miaka zaidi ya kumi ya kukanusha ilibomolewa ndani ya dakika moja. Lakini ukali wake ndio uliombana mjibuji. Neno moja halina mahali pa kuweka pambo. Waliolalamika kwamba alionekana mkavu walikuwa wakililaumu umbo kwa jina la mtu: katekisimu hutoa wakavu, hata katekista awe nani. Saa zilizofuata za mahojiano hayo zilikuwa jitihada ya kurudi kwenye sentensi ndefu, ila mizani ilikuwa imekwisha kuelemea upande wa yale majibu mafupi, na hakuna aliyekumbuka kingine.

The Armstrong Lie ya Alex Gibney, iliyotoka mwaka huo huo wa 2013, imetokana na ajali ya kiumbo ambayo mwongozaji yeyote angeiogopa. Gibney alianza kupiga picha mwaka 2009 akikusudia kutengeneza filamu ya furaha kuhusu Armstrong kurejea katika Tour baada ya kustaafu. Alipewa nafasi ya kuingia kila mahali. Filamu ilikaribia kwisha, kisha mashtaka ya pufya yakaibuka upya na ikawekwa kabatini. Na baada ya ungamo kwa Oprah, Gibney akamrudia mtu wake, akamkalisha kitini saa chache tu baada ya mahojiano yale, na kuanza upya. Matokeo ni maandishi yenye tabaka mbili. Picha za 2009 zilichukuliwa kwa sarufi ya utenzi: milima, umati wa kando ya barabara, jezi iliyofunguliwa zipu, shujaa aliyezeeka kidogo anayepanda Mont Ventoux akitetea nafasi ya tatu, ambayo kweli aliipata nyuma ya Alberto Contador na Andy Schleck. Kiti cha 2013 kina sarufi ya ushahidi. Mhariri anaposhona tabaka hizi, picha ile ile inabadilika maana bila kubadilika sura: jasho ambalo mwanzo lilikuwa hoja ya ushujaa linageuka kuwa kitu cha kutiliwa shaka, na mtazamaji anajikuta akimkagua mtu usoni, akitafuta alama ambayo kamera, kwa asili yake, haiwezi kuionyesha.

Gibney anaifanya sauti yake mwenyewe isikike. Anakiri kwamba alikuwa ameanza kuwa shabiki, kwamba alitaka mtu wake ashinde. Kwa lugha yetu, mpigaji nyatiti anatuambia waziwazi kwamba alipokea pesa. Hii ndiyo hatua bora ya filamu hiyo, na sijui kama ilitokana na ujasiri au na kukosa njia nyingine. Picha zenyewe zingemsuta. Hatua hiyo inaruhusu lile suala la 2009 libaki wazi kwa namna ya kuridhisha. Armstrong anashikilia kwamba katika kurejea kwake hakutumia chochote. USADA ilisema kwamba vipimo vya damu yake vya 2009 na 2010 vilikuwa na uwezekano wa chini ya moja katika milioni kutokea kiasili. Kauli hizi mbili zimeachwa zigongane, na msimulizi hajifanyi mwamuzi, kwa kuwa amekwisha kutuonyesha kwamba yeye ni mtu wa ndani. Hadhira ya ngoma inaelewa jambo hili: anayejisifu hasutwi na mpigaji, anasutwa na mtu mwingine anayeinuka naye kulipia zamu yake.

Wasutaji hao ndio nguzo ya filamu ya Zenovich, ambayo ina saa zaidi ya tatu za kuwagawia zamu. Nawaita wakatizaji. Betsy Andreu, ambaye hakuwahi kuwa mwanabaiskeli bali mke wa mwanabaiskeli, amekuwa akisimulia kwa miaka mingi tukio moja la Oktoba 1996 katika chumba cha hospitali mjini Indianapolis, ambako Armstrong, mgonjwa wa saratani ya korodani, aliulizwa na daktari kama amewahi kutumia dawa za kuongeza nguvu, naye akazitaja moja baada ya nyingine. Aliwahi kulitolea tukio hilo ushahidi kwa kiapo, na akaitwa mwongo kwa hilo. Sarufi yake haikubadilika hata chembe: mahali, watu waliokuwepo, swali, orodha. Uzuri wa ushahidi wake ni ukosefu wa ukuaji. Wahusika wengine wote wa filamu wamebadilika, wamejutia, wameelewa zaidi. Yeye anasema leo alichosema jana, na mwendelezo huo mgumu unazifanya sentensi za Armstrong zilizopambwa zisikike kuwa zimepambwa.

Floyd Landis ni mkatizaji wa aina nyingine. Alivuliwa taji la Tour la 2006, akakana kwa miaka minne, kisha mwaka 2010 barua pepe zake ndizo zilizobomoa ukuta. Kesi aliyoifungua kama mtoa taarifa iliishia Aprili 2018 kwa Armstrong kukubali kulipa dola milioni 5. Katika LANCE, Armstrong anaposema kwamba mambo yangeweza kuwa mabaya zaidi, kwamba angeweza kuwa Landis, na anaongeza tusi la chooni, tunasikia kitu ambacho toba haiwezi kukizaa. Mtu anayetubu hamtafuti aliye chini yake ili apate pa kusimama. Mtu anayejitaja, ndiyo. Kulinganisha ni zana yake ya kawaida. Zenovich hakati. Anaiacha sentensi imalizike na uso ubaki, naye Landis amepewa kiti chake katika filamu hiyo hiyo, akizungumza kwa upole wa mtu aliyekwisha kupoteza kila kitu cha kupotezwa.

Lakini kitovu cha filamu, kwa usomaji wangu, kiko pale Armstrong anapomzungumzia Jan Ullrich, Mjerumani aliyekuwa mpinzani wake mkuu, ambaye mwaka 2018 aliporomoka kimaisha kiasi kwamba Armstrong alipanda ndege kwenda kumwona. Anaanza kwa kulia. Machozi hayo nayaamini. Sauti inakatika mahali ambapo mwigizaji asingeikata. Kisha, machozi yakiwa bado usoni, anajenga aya yenye matawi matatu ambayo mwalimu yeyote wa balagha angeifundisha. Italia inampenda Ivan Basso, na ikamwangamiza Marco Pantani, ambaye sasa ni marehemu. Ujerumani inamtukuza Erik Zabel, na ikamwangamiza Ullrich. Marekani inamwabudu George Hincapie, inampa kazi na kumweka kwenye runinga. Na mimi wananiangamiza. Ndiyo maana, anamalizia, nilikwenda.

Hebu tuupime usanifu wa aya hii kwa subira. Kila tawi lina nchi, lina mpendwa, lina mtelekezwa; vitenzi vya kupenda vinatangulia, kitenzi cha kuangamiza kinafunga. Matawi yamepangwa kwa kupanda: wa kwanza amekufa, wa pili amenusurika, wa tatu ndiye huyu anayesema. Upandaji huo ni wa kinyume, kwa maana kwa kipimo cha madhara tungetarajia kifo kiwe kileleni, lakini kileleni ameketi aliye hai na mwenye afya. Pantani, aliyekutwa amekufa hotelini mjini Rimini Februari 2004, amegeuzwa ngazi. Hoja yenyewe ina ukweli ndani yake. Hao wote walikiri au walikutwa na makosa ya pufya, na dunia ya baiskeli imewasamehe baadhi na kuwafukuza wengine bila kanuni inayoelezeka. Lakini sentensi ya mwisho, ile ya kwenda Ujerumani, ambayo ingeweza kuwa sentensi ya huruma safi, imefika ikiwa imebebwa na jina la msemaji. Ameanza kwa kumtaja rafiki, akapitia marehemu, akaishia kwa nafsi yake. Mzee anayejua pakruok angetikisa kichwa kwa kukubali ufundi, na pengine angetoa noti.

Naona haja ya kusema hapa kwamba simtukani Armstrong kwa kumweka katika utanzu huu. Pakruok ni sanaa, na wengi wanaoijaribu huchekwa. Ninachokataa ni desturi ya wahakiki wa filamu kuuliza kila mara kama mtu huyu amejuta kweli, kana kwamba filamu ni chombo cha kupimia moyo. Filamu ni mpangilio wa picha na sauti. Tunachoweza kukijua ni namna sentensi zilivyojengwa, na hapo tunacho cha kutosha.

Kuna sentensi moja katika LANCE isiyo na pambo lolote, nayo inastahili kutengwa. Zenovich, akiwa nje ya fremu, anauliza kama dawa ndizo zilizomletea saratani. Armstrong anasema hajui, asingependa kusema hapana, kwa kuwa hilo nalo si sawa. Halafu anaongeza kwamba msimu pekee aliotumia homoni ya ukuaji ulikuwa wa 1996, na anaanza kuwaza kwa sauti: homoni hukuza, hukuza chembe, sasa kama ndani kuna kitu kibaya, si nacho kitakua? Mantiki inajengwa mbele yetu kwa vipande, kila kipande kikisitasita kabla ya kuungana na kinachofuata. Msemaji hajui sentensi itaishia wapi. Kwa mara moja hana hadhira. Wimbo umesimama lakini hakuna aliyelipa. Mhariri alifanya busara kutoingiza picha za maktaba hapo, wala muziki wa huzuni, kwani kilichohitajika ni kumwacha mtu akifikiri.

Tyler Hamilton anatupa mtindo mwingine kabisa wa kusema. Yeye alikuwa mwenzake Armstrong katika timu ya US Postal, alipata dhahabu ya Olimpiki ya Athens 2004 ambayo baadaye alivuliwa, na Mei 2011 alizungumza katika kipindi cha 60 Minutes cha CBS kabla ya karibu kila mtu mwingine wa daraja lake. Tangu siku hiyo lugha yake imekuwa lugha ya vitu. EPO iliyokuwa ndani ya friji. Sindano. Mifuko ya damu. Pale Armstrong anapozungumza kwa jumla, kuhusu zama na kizazi na kwamba kila mtu alikuwa akifanya hivyo, Hamilton anataja chombo na mahali kilipowekwa. Mtindo huu una uzito wa kimaadili kwa sababu ya umbo lake: kitu kilicho ndani ya friji hakiwezi kusambazwa kwa kizazi kizima, kina mwenyewe. Na una manufaa ya maarifa pia. Ni kwa kuwasikiliza watu wa aina yake ndipo mtazamaji anaelewa kwamba kiwango cha asilimia 50 cha hematokriti, yaani sehemu ya chembe nyekundu katika damu, kilichowekwa na UCI, shirikisho la kimataifa la baiskeli, mwaka 1997 ili kudhibiti EPO, homoni inayoongeza chembe hizo, wakati ambapo haikuwa na kipimo cha kuibaini, kiligeuka kuwa shabaha ya kulengwa na madaktari wa timu, mpanda baiskeli akisogezwa karibu na mstari bila kuuvuka.

Ullrich mwenyewe alikuja kukiri waziwazi mwishoni mwa 2023, filamu yake ya mfululizo ilipokuwa ikitoka. Kilichonivutia kwake ni kimya kirefu kilichotangulia tangu alipoondolewa kwenye Tour ya 2006, kimya kilichovunjwa kwa maneno machache tu, kimya ambacho hakuna mhariri anayeweza kukipiga picha.

Ungamo-jigambo linapofika kwetu linapungua kimo. Mathews Kisorio, Mkenya aliyekimbia nusu marathoni kwa dakika 58 na sekunde 46 mjini Philadelphia mwaka 2011, alipatikana na steroidi katika mashindano ya taifa Nairobi mwezi Juni 2012 na kufungiwa miaka miwili. Mwaka huo huo alizungumza na televisheni ya ARD ya Ujerumani, katika uchunguzi wa Hajo Seppelt. Alisema kwamba alishawishiwa na daktari, kwamba aliambiwa hayuko peke yake, na kwamba kuna dawa zinazochomwa moja kwa moja kwenye damu ili mwili upate oksijeni zaidi. Riadha Kenya ilizikataa tuhuma hizo. Kiini cha usemi wake kinafanana na cha Armstrong: kila mtu alikuwa akifanya. Lakini sikiliza jinsi umbo linavyobadilisha uzito. Makala ya uchunguzi yana shujaa wake, naye ni mwanahabari. Safari ni yake, hatari ni yake, kamera iliyofichwa ni yake. Mwanariadha wa Kenya anaingia kama kielelezo namba fulani katika jalada. Sentensi zake hazina mahali pa kukua hadi zifikie kujitaja, kwa kuwa amepewa muda wa shahidi, na sauti ya Kijerumani inapita juu ya sauti yake. Huwezi kumlaumu Seppelt. Utanzu wake unataka hivyo, na kazi yake iliisukuma Kenya kuelekea sheria ya kupambana na pufya ya 2016 iliyounda ADAK, shirika la Kenya la kupambana na pufya. Ila kwa jicho la mhakiki tofauti ni ya kushtua. Armstrong ana saa zaidi ya tatu za kueleza kwa nini hakuomba msamaha vizuri. Kisorio ana dakika za kuthibitisha jambo ambalo mwingine amelivumbua.

Tena mtazamaji wa Ndhiwa analeta maarifa ambayo filamu hizi haziyafikirii. Anajua baiskeli kama chombo cha mzigo. Amewaona wanaopandisha gunia la mahindi kwa baiskeli ya Black Mamba kuelekea juu ya mteremko mkali wa Kanyamwa, na anajua kwamba kuna mahali ambapo unashuka na kusukuma, bila aibu. Kwake, picha ya mtu anayepanda Ventoux ameketi kwenye tandiko, miguu ikizunguka kwa kasi isiyopungua, ni ajabu kabla ya kuwa kashfa. Nadhani filamu zote mbili zinapoteza kitu kwa kuiharakisha ajabu hiyo. Zinaonyesha ushindi na zinaonyesha maabara, lakini mwili unaofanya kazi unaonekana kwa sekunde chache tu, kisha mkato, kisha mtu kitini.

Chris Froome, aliyezaliwa Nairobi na kufundwa na David Kinjah huko Kikuyu, anatuonyesha upande ambao filamu haiwezi kuutumia. Julai 2013 alishinda hatua ya Ventoux, katika Tour ya kwanza tangu ungamo la Armstrong. Kesho yake, mbele ya waandishi, alisema inasikitisha kuketi pale siku moja baada ya ushindi mkubwa kuliko wote maishani mwake akiitwa mdanganyifu na mwongo. Armstrong alidanganya, alisema, mimi sidanganyi, basi. Baadaye kulikuwa na kesi ya salbutamol, dawa ya pumu, kutoka mbio za Vuelta za 2017, ambayo UCI iliifunga Julai 2018 bila kumtia hatiani. Kwa kipimo cha sanaa ya kusema, kauli ile ya 2013 imekufa siku ile ile ilipotamkwa. Kukana hakuna mwanzo wala kati wala mwisho. Ni neno moja linalorudiwa, na kila likirudiwa linafanana zaidi na kukana kwa waliodanganya. Ungamo lina wakati uliopita na wakati uliopo, lina mtu wa zamani na mtu wa sasa wanaoweza kukaa katika fremu moja. Kwa hiyo filamu za hali halisi, kwa mahitaji yao ya kiumbo tu, zinamlipa aliyeanguka na kumnyima aliyesimama. Aliyeshika nafasi ya nane bila kutumia chochote hana kisa kinachoharirika.

Uamuzi wangu ni kwamba The Armstrong Lie ndiyo kazi bora kama filamu nzima, kwa sababu mwenye wimbo ameonyesha pesa zilizo mkononi mwake. LANCE inaizidi katika usikivu, hasa pale Zenovich anapoacha sentensi ziishe zenyewe. Msomaji mwenzangu anayezitafuta aanze na ya Gibney, kisha aitazame ya Zenovich sehemu zote mbili, na afikapo kwenye aya ya Pantani, Ullrich na Hincapie arudi nyuma aisikilize tena akiwa amefumba macho. Na ninyi watengenezaji filamu wa Eldoret, Kisumu na Nairobi: wapeni wanariadha wetu waliofungiwa kiti hicho hicho na muda huo huo, wazungumze kwa Kiswahili au kwa lugha za mama zao, na kando yao muwakalishe wale waliomaliza nyuma yao.